UZI: Shahab Hosseini wa Iran, kutoka utangazaji wa TV hadi tuzo ya Cannes. Filamu zake, kazi yenyewe, na namna ya kumtazama

#1 Mdau wa Skrini (mwanzisha uzi)

Wakuu, habari za jioni.

Humu jukwaani filamu za Iran zikitajwa, wanaotajwa ni waongozaji tu. Waigizaji wanapitwa juu kwa juu, kana kwamba kamera iliwakuta tu barabarani. Hiyo kasumba ina chanzo chake: filamu nyingi za Iran zilizosafiri nje miaka ya 1980 na 1990 zilitumia watu wasio waigizaji wa kazi, hasa watoto. Watu wakajenga picha kwamba Iran nzima ndivyo inavyoigiza. Si kweli. Iran ina waigizaji wa kazi, wana jukwaa la maigizo la miaka mingi, na wana mastaa ambao wakipita mtaani Tehran msongamano unaanza.

Leo tuzungumzie mmoja: Shahab Hosseini, mzaliwa wa Tehran, Februari 3, 1974. Alianza kusoma saikolojia Chuo Kikuu cha Tehran, hakumaliza. Mlango wake wa kuingilia ulikuwa redio, halafu utangazaji wa vipindi vya televisheni. Hilo la redio lishikeni, tutalirudia.

Filamu zake za mwanzo ni za mapema miaka ya 2000: Rokhsareh, kisha Vakonesh-e Panjom ya Tahmineh Milani (2003), kisha Shamee dar Baad ya Pouran Derakhshandeh (2004). Wakati huo alikuwa "kijana mzuri wa sura". Mwaka 2007 ikaja tamthilia ya televisheni ya taifa, Madar-e Sefr Darajeh, ya Hassan Fathi. Humo ni Habib Parsa, mwanafunzi wa Kiirani aliyeko Paris wakati wa Vita Kuu ya Pili, anampenda msichana wa Kiyahudi. Tamthilia hiyo ilimwingiza sebuleni kwa kila familia Iran.

Halafu 2009. Mwaka huo mmoja alikuwa na Superstar ya Milani, iliyompa Simurgh ya Kioo, tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwenye tamasha la filamu la Fajr huko Iran, na pia Darbareye Elly ya Asghar Farhadi. Kuanzia hapo ramani yake ikabadilika. 2011 ni Jodaeiye Nader az Simin, ile ambayo ukiitafuta mtandaoni inaitwa A Separation. Akapata Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora Berlin. 2016 ni Forushande, inayotafutwa kwa jina The Salesman, na tuzo ya mwigizaji bora wa kiume Cannes.

Hoja yangu ni moja, mnaweza kuipinga: ukubwa wake hautokani na kulia wala kupiga kelele, japo vyote anaviweza. Unatokana na kujua namna ya kuigiza mwanaume aliyevunjiwa heshima katika sinema ambayo sheria zake zinamnyang'anya mwigizaji nusu ya vifaa. Karibuni.

---

#2 Sheha wa Pili

Mkuu, uzi mzuri, ila rekebisha kitu kabla hakijaenea. Dubu wa Fedha wa 2011 hakupata peke yake. Baraza la majaji Berlin lilitoa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwa kundi zima la waigizaji wa kiume wa filamu hiyo: Peyman Moaadi, Shahab Hosseini, Babak Karimi na Ali-Asghar Shahbazi, yule mzee mwenye ugonjwa wa kusahau. Ya kike nayo ikaenda kwa kundi la wanawake: Leila Hatami, Sareh Bayat, Sarina Farhadi na wenzao. Filamu yenyewe ikachukua Dubu wa Dhahabu. Cannes 2016 ndiko alikosimama peke yake, na Farhadi akapata ya muswada bora wa filamu.

Tofauti hiyo ina maana. Berlin waliona kwamba ile filamu huwezi kumtoa mtu mmoja ukasema ndiye aliyeibeba.

---

#3 Mdau wa Skrini

Sahihi kabisa Sheha, asante. Niliandika kwa haraka.

---

#4 Bint Makadara

Mimi nina swali la kiufundi. Sura nzuri kwenye televisheni ni laana kwa mwigizaji wa filamu nzito, kila nchi. Watu wanamwona yeye badala ya mhusika. Huyu aliivukaje?

---

#5 Fundi Mitambo

Bint Makadara, aliivuka kwa hatua, na hatua ya kwanza ilikuwa kuitumia ile sura dhidi yake mwenyewe. Superstar ni hivyo hasa: anaigiza staa wa filamu aliyeharibika, mlevi wa sifa, mwenye dharau kwa kila mtu kwenye seti, kisha anatokea msichana anayedai ni binti yake. Watazamaji waliomzoea kama kijana mpole wakalazimishwa kumchukia kwa nusu ya kwanza ya filamu.

Hatua ya pili ni Darbareye Elly. Hapo ni Ahmad, aliyerudi kutoka Ujerumani baada ya talaka, marafiki zake wa zamani wamempeleka pwani ya bahari ya Kaspi wakitaka kumkutanisha na mwalimu wa chekechea anayeitwa Elly. Katika filamu hiyo hana nafasi kubwa kuliko wengine. Kuna Golshifteh Farahani, Peyman Moaadi, Mani Haghighi, Merila Zarei, Taraneh Alidoosti mwenyewe ndiye Elly, wote wamejaa ndani ya nyumba moja isiyo na vioo vizima. Kwa staa wa tamthilia ya taifa kukubali kuwa mmoja kati ya kundi, tena mwenye maneno machache, ni uamuzi. Na pale ndipo alipojifunza kusikiliza mbele ya kamera. Tazama sehemu baada ya Elly kutoweka: wote wanabishana, yeye kila mara anamtazama anayesema, halafu anatazama chini kabla mwenzake hajamaliza. Anajua jibu ni uongo.

Hatua ya tatu ni kujichafua kabisa, na hiyo ni Hodjat wa Jodaeiye Nader az Simin.

---

#6 Njugu Karanga

Hodjat! Hapo mmenigusa. Naomba nimchambue taratibu kwa sababu wengi wanamkumbuka kwa vurugu tu.

Hodjat ni fundi viatu aliyefukuzwa kazi, akaenda kudai haki yake asiipate, sasa ana madeni na wadai wanamfunga. Mkewe Razieh anafanya kazi ya kumtunza baba yake Nader bila yeye kujua. Tunapomwona mara ya kwanza, anakwenda benki anapofanya kazi Nader, kuongelea kazi ileile. Angalieni pale. Mpole, sauti ya chini, mwili umejikunja kidogo, anaongea na mtu aliye upande wa pili wa kaunta. Ni mtu anayeomba. Ukimkumbuka huyo, kila vurugu inayofuata utaielewa.

Halafu ofisi ya hakimu, Nader akidaiwa kumsukuma Razieh mimba ikaharibika. Chumba kidogo, meza moja, watu wamebanana. Nader anaongea kwa mpangilio, sentensi zinamalizika. Hodjat anaanza sentensi tatu hamalizi hata moja. Mwenyewe anamlalamikia hakimu kwamba hajui kuongea kama yule. Hosseini anafanya kitu hapo ambacho wanafunzi wa uigizaji wangepaswa kukirudia mara kumi: pumzi inakwisha kabla ya maneno. Anavuta hewa mahali pasipo pake, katikati ya neno, kwa hiyo kila anapofika kwenye hoja yake muhimu hana upepo wa kuisema. Kisha mkono unafanya kazi ya ulimi. Anajipiga kichwani. Hampigi mtu pale, anajipiga mwenyewe. Mkewe anaanza kumsihi hakimu asimweke ndani.

Kosa ambalo mwigizaji mwingine angefanya: kuanza juu. Ukianza eneo (onyesho) la mahakama kwa kelele, ukifika kwenye eneo la wadai mwishoni hakuna mahali pa kupanda. Yeye anaanza kila eneo chini ya pale alipomalizia lililotangulia. Hodjat anapoa kila mara, na ndiyo maana unamwogopa kila mara.

---

#7 Kamanda wa Rimoti

Na lile la mwisho, nyumbani kwake. Wadai wamekaa sebuleni, Nader ameshaandika hundi, anaomba kitu kimoja tu: Razieh aape kwa Msahafu kwamba mimba iliharibika kwa sababu ya kusukumwa. Razieh hawezi, ana shaka, kwa sababu siku moja kabla aligongwa na gari. Anamvuta mumewe jikoni kumwambia.

Watu wanasema Hosseini analia pale. Rudieni. Kwanza anamsihi mkewe aape tu, dhambi itakuwa juu yake yeye. Yaani mtu aliyepiga kelele filamu nzima kuhusu haki na Mungu ndiye anayeomba kiapo cha uongo, na anakiomba kwa kunong'ona kwa sababu wadai wako nyuma ya ukuta. Huo mnong'ono ndio filamu nzima.

---

#8 Mwalimu wa Kiangazi

Kwa kuwa mmegusa kiapo, niongeze la lugha. Sisi tunaosema Kiswahili tuna bahati ndogo na filamu za Iran kwa sababu tumekopa Kiarabu pamoja nao, na Kiajemi chenyewe pia, bandari na serikali ni vya kwao. Ukitega sikio mahakamani utasikia "qazi", ni kadhi wetu. "Shahed" ni shahidi. "Diyeh", inayopigiwa hesabu filamu nzima, ni dia, fidia ya damu. Anayesoma maandishi ya tafsiri peke yake anaona "fedha" na anafikiri Hodjat anauza mtoto. Ukijua ni dia unaelewa kwamba ni haki ya kisheria aliyonayo baba, na kwa hiyo aibu ya kuikubali huku mkewe ana shaka ni aibu ya dini, zaidi ya umaskini.

Majina nayo. Nader ni nadra. Hodjat ni hoja, neno lilelile. Mtu anaitwa Hoja na hawezi kujenga hoja mbele ya kadhi. Sijui kama mwandishi alikusudia, lakini msikiaji wa Kiajemi hawezi kulikosa. Na kwenye Forushande mhusika wa Hosseini anaitwa Emad, maana yake nguzo, na filamu inafunguka na jengo linapasuka nyufa kwa sababu ya tingatinga linalochimba kiwanja cha jirani.

---

#9 Bint Makadara

Nguzo na jengo linabomoka. Mwalimu umenimaliza.

Lakini turudi kwa mwanzisha uzi: ulisema sheria zinamnyang'anya mwigizaji nusu ya vifaa. Zipi hasa? Watu humu wanasema "Iran kuna masharti" wanaishia hapo.

---

#10 Fundi Mitambo

Hebu niyataje yale yanayomgusa mwigizaji moja kwa moja, kwa sababu mengi yanayosemwa mtandaoni yanawahusu waongozaji.

Filamu inayotaka kuonyeshwa kihalali Iran inahitaji vibali viwili vya Wizara ya Utamaduni na Mwongozo wa Kiislamu: cha kutengeneza na cha kuonyesha. Kupata cha kwanza si kupata cha pili. Na cha kwanza kinaweza kusimamishwa katikati. Jodaeiye Nader az Simin yenyewe ilisimamishwa Septemba 2010 baada ya Farhadi kusema maneno kwenye hafla ya tuzo akitaja watengenezaji filamu waliokuwa matatani na waliokuwa nje ya nchi, ikaruhusiwa kuendelea Oktoba. Kwa mwigizaji maana yake ni hii: mhusika ameshamjenga kwa mazoezi ya wiki nyingi, kisha kazi inasimama, hajui itaendelea lini au kama itaendelea. Nywele, ndevu, uzito, sauti, vyote inabidi avishikilie.

Mbele ya kamera, mwanamke anafunika nywele muda wote, hata eneo la chumba chake cha kulala ambako katika maisha asingefunika. Mwanaume na mwanamke wasio mahramu katika maisha halisi, yaani wasio ndugu wa karibu wala wanandoa, hawagusani, hata kama katika hadithi ni mume na mke. Kwa hiyo mume hawezi kumshika mkewe anayelia. Hawezi kumfunga bandeji. Hawezi kumzuia kwa mkono asitoke mlangoni.

Sasa fikirieni mwigizaji wa kiume wa filamu za ndoa anabaki na nini. Anabaki na umbali. Umesimama hatua ngapi kutoka kwake, umegeuka au hujageuka, unaongea naye ukiwa mlangoni au umeketi. Anabaki na vitu: kikombe, koti, funguo, begi la mtoto. Na anabaki na sauti. Ndiyo maana redio haikuwa muda uliopotea kwa Hosseini. Ukifumba macho ukasikiliza Forushande unajua kila mara Emad yuko umbali gani na mkewe, Rana.

---

#11 Mdau wa Skrini

Na tofauti kati ya mwigizaji wa kawaida na mkubwa inaonekana hapohapo. Wa kawaida anaonekana *amezuiwa*: mkono unanyanyuka, unakumbuka sheria, unashuka. Mtazamaji anaona sheria, hadithi inakufa. Mkubwa anampa mhusika sababu yake mwenyewe ya kutogusa. Emad hamkumbatii Rana baada ya Rana kushambuliwa nyumbani na mtu asiyemjua, na kufikia nusu ya filamu unaamini kwamba ni kwa sababu *hajui* afanye nini na mke aliyeumizwa na mtu mwingine. Aibu imekaa kati yao kama fanicha. Sheria imegeuzwa tabia.

---

#12 Sheha wa Pili

Farhadi mwenyewe anaichezea sheria hiyo ndani ya Forushande. Emad na Rana ni waigizaji wa jukwaani, wanaigiza tamthilia ya Arthur Miller ya mchuuzi, Emad akiwa Willy, yule mchuuzi, na Rana akiwa Linda, mkewe. Kwenye mazoezi kuna mwigizaji wa kike ambaye mhusika wake anatakiwa kusema hana nguo, naye amevaa koti na kofia kwa sababu ndivyo inavyoruhusiwa. Mwenzake anashindwa kujizuia, anacheka. Yule mama anakasirika, anaondoka. Eneo fupi, linachekesha, lakini ni maelezo ya kazi nzima ya uigizaji Iran katika dakika chache.

Na kwenye filamu ya 2011: Razieh anapiga simu kuuliza mamlaka ya dini kama inajuzu kumbadilisha nguo mzee aliyejichafua. Sharti la sinema na sharti la mhusika vinakuwa kitu kimoja.

---

#13 Njugu Karanga

Kuhusu Emad, kuna ufunguo unaowapita watu. Emad ni mwalimu wa fasihi, sekondari ya wavulana. Mapema katika filamu darasa linajadili hadithi ya Gaav, ng'ombe, ambayo Dariush Mehrjui aliifanyia filamu 1969. Mkulima anampenda ng'ombe wake, ng'ombe anakufa, mkulima anageuka kuwa yeye ndiye ng'ombe. Mwanafunzi anauliza mtu anageukaje ng'ombe. Jibu la Emad ni kwamba ni taratibu.

Hosseini ameigiza filamu nzima juu ya jibu hilo. Na aliyekuwa mkulima yule wa 1969 ni Ezzatollah Entezami, baba wa uigizaji wa filamu Iran, aliyefariki Agosti 2018. Kwa hiyo ni kama mwigizaji wa kizazi kipya anafundisha somo la mzee darasani, kisha anakwenda kulifanya.

Angalieni vituo vya huo mgeuko. Kwanza kwenye teksi ya kuchangia, abiria mwanamke anaomba kubadilisha kiti kwa sababu hajisikii salama kukaa karibu naye. Mwanafunzi wake anakasirika, Emad anamtetea yule mama. Muungwana kabisa. Baadaye darasani, baada ya tukio la nyumbani, mwanafunzi anampiga picha akiwa amesinzia, anamnyang'anya simu na kumdhalilisha mbele ya wenzake. Baadaye mezani, Rana amepika tambi, mtoto wa mwenzao yupo, wanacheka kwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi. Emad anagundua chakula kimenunuliwa kwa pesa iliyoachwa na yule mshambuliaji. Anaacha kula. Anaondoa chakula mezani. Uma unawekwa chini bila sauti. Hakuna kelele, na mtoto haelewi kwa nini chakula kizuri kinatupwa.

---

#14 Kamanda wa Rimoti

Kibao. Mtu azungumzie kibao.

---

#15 Mdau wa Skrini

Haya, kibao. (Wasioitazama warukie #17.)

Emad ameweka mtego kwenye nyumba yao ya zamani, ileile yenye nyufa, tupu. Alimtarajia kijana, amekuja mzee, mkwe mtarajiwa wa kijana huyo, anayepanda ngazi kwa kuhema. Maswali yanaenda taratibu, Emad anamwomba avue kiatu. Mguu una jeraha. Ndiye.

Mzee anafungiwa chumbani. Familia yake inaitwa. Wakifika, yuko hoi, mkewe anamshukuru Emad kwa kumwokoa mumewe. Rana ameshasema: ukiiambia familia, mimi na wewe basi. Emad anamwita mzee pembeni, anafunga mlango, anampa mfuko wenye pesa na soksi alizoacha. Halafu anamzaba kibao kimoja.

Tazameni kabla ya mkono kunyanyuka. Uso hauna hasira. Umetulia kama uso wa mwalimu anayemkabidhi mwanafunzi karatasi yake ya mtihani. Mwigizaji mwingine angekusanya hasira, taya zikakaza, machozi yakalenga. Huyu anapiga kama mtu anayefunga hesabu, na ndiyo maana mtazamaji anashtuka kuliko kama angempiga mangumi kumi. Baada ya kibao ndipo uso unabadilika, kidogo tu, kama aliyesikia sauti yake kwenye redio asiitambue. Mzee anaanguka kwenye ngazi. Ng'ombe amekamilika.

Na kumbukeni: kibao cha mwanaume kwa mwanaume kinaruhusiwa. Filamu nzima haina mguso kati ya mume na mke, mguso mmoja mzito unaobaki ni huo.

---

#16 Mwalimu wa Kiangazi

Nyongeza ndogo: jukwaani Emad anapakwa rangi na mvi kuwa mzee mchuuzi, kisha nyumbani anakutana na mzee halisi, mchuuzi halisi. Hosseini akiwa Willy anaigiza *mwigizaji wa wastani* anayeigiza mzee. Sauti inatiwa uzito kidogo kupita kiasi, mabega yameinamishwa kwa makusudi. Hilo ni gumu kuliko kuigiza vizuri. Ukiigiza vibaya kupita kiasi, Emad anakuwa kichekesho. Ukiigiza vizuri mno, tofauti ya jukwaa na maisha inapotea.

---

#17 Korosho za Lindi

Naomba nipinge kidogo, tusije tukamwabudu. Kwenye Shahrzad, ile tamthilia ya Hassan Fathi ya 2015 hadi 2018, anaigiza Ghobad, na kuna vipindi anazidisha. Macho yanalowa kila akitajiwa Shahrzad, sauti inatetemeka, mikono kichwani. Tukisema ana kipimo, tuseme pia kwamba kipimo anakipata kwa Farhadi.

---

#18 Fundi Mitambo

Korosho, hoja yako ina uzito, lakini tazama chombo kilivyo. Shahrzad haikuwa ya televisheni ya taifa, ilitoka kwenye mtandao wa kuuza majumbani, kila wiki, kwa DVD na intaneti. Mnunuzi analipa kipande kwa kipande, kwa hiyo kila kipande lazima kimfanye anunue kinachofuata. Hilo linasukuma uigizaji uwe mkubwa. Pia Ghobad ni mhusika wa melodrama halisi, igizo la hisia kubwa: mpwa dhaifu wa tajiri mwenye mabavu, ameozwa binti wa tajiri huyo, halafu analazimishwa kuoa mke wa pili ambaye anampenda mtu mwingine. Miaka ya baada ya mapinduzi ya serikali ya 1953, nyumba kubwa, siri kila chumba.

Kinachomwokoa ni wenzake. Ali Nasirian kama Bozorg Agha, yule tajiri, ni wa kizazi cha Gaav, aliigiza humo pia. Anakaa kitini tu, na Hosseini anajikunja. Taraneh Alidoosti, mwenzake yuleyule wa Forushande, ni Shahrzad, huyo mke wa pili. Na Farhad, yule anayependwa na Shahrzad, ni Mostafa Zamani, waliotazama tamthilia ya Nabii Yusuf watamtambua mara moja, ndiye Yusuf.

Tofauti ya Farhadi si miujiza, ni muda. Farhadi ametoka jukwaani, anafanya mazoezi marefu kabla ya kupiga picha, na waigizaji wanafanyia mazoezi maeneo ambayo hayamo kwenye filamu, mambo yaliyowatokea wahusika kabla hadithi haijaanza. Mwigizaji anaingia kwenye seti ana kumbukumbu. Kwenye tamthilia ya kila wiki kumbukumbu hiyo huna nafasi ya kuijenga, unaziba pengo kwa machozi.

---

#19 Korosho za Lindi

Hapo nimekuelewa. Basi niseme hivi: mtu asianze na Shahrzad.

---

#20 Sheha wa Pili

Kuna moja inasahaulika: Hoz-e Naghashi ya Maziar Miri, 2013. Yeye na Negar Javaherian ni mume na mke wenye ulemavu wa akili, wana mtoto asiye na ulemavu anayeanza kuwaonea aibu. Aina hii ya uhusika ni shimo, wengi wameanguka humo kwa kukusanya alama: mdomo pembeni, vidole, kigugumizi, kisha wanasubiri tuzo. Hosseini anachagua alama chache na kuziacha zisibadilike, halafu anaweka nguvu kwenye anachokitaka mhusika, kuwa baba. Inakwenda vizuri, ingawa mwishoni muziki unamsaidia mtazamaji kulia kuliko inavyohitajika. Hilo si kosa lake.

---

#21 Bint Makadara

Baada ya Cannes vipi? Hollywood haikumwita?

---

#22 Mdau wa Skrini

Njia ya Hollywood kwa mwigizaji wa Iran ina vikwazo pande zote mbili. Januari 2017 amri ya Marekani ya kuzuia wasafiri wa nchi kadhaa, Iran ikiwemo, ilitoka wakati Forushande imeteuliwa Oscar. Alidoosti akatangaza hatakwenda, Farhadi naye. Februari filamu ikashinda, Anousheh Ansari, Mmarekani mzaliwa wa Iran, akasoma ujumbe wa Farhadi jukwaani.

Hosseini alikwenda njia nyingine: The Night ya Kourosh Ahari, 2020, imepigwa Los Angeles, Kiajemi kwa sehemu kubwa. Ni ya kutisha: wenzi na mtoto mchanga wamenasa hotelini usiku mmoja. Anaigiza mume mwenye siri, yaani bado ni uwanja wake uleule wa ndoa na uongo, ila safari hii uongo una mizimu. Si kazi yake kubwa. Inafaa kutazamwa kuona akifanya kazi nje ya masharti ya Tehran. Utashangaa kwamba bado anatumia umbali.

Ameongoza pia, Saken-e Tabaghe-ye Vasat ya 2014. Kwa mashabiki wake tu.

---

#23 Njugu Karanga

Kwa wanaotaka kuanza: msianze na Forushande kwa sababu ina tuzo. Anza na Jodaeiye Nader az Simin, dakika 123. Kisha Darbareye Elly, kisha Forushande, dakika 125. Ukimaliza hizo tatu ndipo urudi Superstar kuona alikotoka.

Tahadhari ya matoleo: maandishi ya tafsiri yanatofautiana sana. Kipimo cha haraka, nenda eneo la mahakama. Kama Hodjat anaongea sentensi zilizonyooka na kukamilika, mtafsiri amemsafisha, tafuta nakala nyingine. Epuka kabisa zilizotiwa sauti ya lugha nyingine. Ukimvua Hosseini sauti umebaki na nusu yake.

---

#24 Kamanda wa Rimoti

Na kama kompyuta inaruhusu, chukua eneo la tambi ulitazame mara tatu: kawaida, halafu umezima sauti, halafu umefumba macho. Mara ya pili tazama mikono tu. Uma, sahani, kitambaa.

---

#25 Bint Makadara

Nimefanya hivyo sasa hivi. Ile ya kufumba macho: baada ya kuuliza pesa imetoka wapi, kuna kiti kinasogea. Nilipotazama kawaida sikukisikia.

---

#26 Fundi Mitambo

Anasogea nyuma kidogo, mbali na meza. Hajasema neno jingine bado.